Mji na Ng'ambo: Historia ya Upande wa Pili wa Daraja



Kila mwaka kijarida chetu cha harambee huacha kurasa chache kwa ajili ya historia, ili anayechangia ajue anachangia nini. Mwaka huu fedha tunazoomba ni za mitaro ya maji ya mvua. Mtu anaweza kuuliza: mitaro na historia wapi na wapi? Tunaomba uvumilivu wako. Ukifika mwisho utaona kwamba maji yanayosimama milangoni mwetu kila masika yana historia ndefu, na historia hiyo ni ya mji mzima wa Unguja.

Tuanze na jina. Leo wengi wetu tuko Dar es Salaam, Maskati, Dubai, London na Toronto, na nyumbani hutuita "watu wa ng'ambo", yaani watu wa kuvuka bahari. Lakini sisi tulikuwa watu wa Ng'ambo kabla hatujapanda chombo chochote. Tulizaliwa Ng'ambo. Bahari tuliyovuka ilikuwa ndogo tu: mkono wa maji ulioingia kutoka Funguni, ukapita nyuma ya mji, ukajaa na kupwa kila siku. Maji yakijaa, Shangani na Malindi zilikaribia kuwa kisiwa. Wazee waliuita mkono huo Pwani Ndogo. Palijengwa daraja la kuuvuka, na hapo ndipo lilipotoka jina la Darajani. Upande wa magharibi wa daraja ulikuwa mji. Upande wa mashariki ulikuwa ng'ambo ya mji.

Mimi nimemkuta bibi yangu akisema "nakwenda mji" anapokwenda Darajani kununua samaki, wakati nyumba yake haikuwa mbali hata mwendo wa robo saa. Maji yalikuwa yameshafukiwa, hapana daraja, hapana hori. Lakini kichwani mwake bado alikuwa anavuka.

MAWE NA UDONGO

Seyyid Said alipohamishia makao yake kutoka Maskati kuja Unguja katika miaka ya 1830 na 1840, bahari ya Hindi ilikuja pamoja naye. Walikuja Waarabu wa Oman wenye mashamba ya karafuu, Wahindi wenye maduka na mikopo, Washihiri, Wangazija, na maelfu ya watu walioletwa kwa nguvu kutoka bara kama watumwa. Mji ulijengwa kwa haraka. Mawe yalikuwa ya matumbawe, yakishikwa kwa chokaa iliyochomwa hapahapa. Dari zilibebwa na boriti za mikoko, na kwa kuwa boriti moja haivuki zaidi ya mita 3 hivi, vyumba vikawa vyembamba na virefu. Umbo la majumba tunayoyastaajabia leo liliamuliwa na mti wa mkoko.

Jumba la mawe lilikuwa na maana zaidi ya kulala. Mlango wa kuchonga ulimwambia mpita njia mwenye nyumba ni nani kabla hajabisha hodi. Baraza ya nje ilionyesha nani anaweza kukaa na kuongea, na nani anapita tu. Ukumbi wa chini ulikuwa wa wageni, ghorofa ya juu ya wanawake na watoto, na nyuma au chini kabisa walilala waliotumikia. Sayyid Barghash alipomaliza Beit al-Ajaib mwaka 1883, jumba lile refu lenye nguzo za chuma na kumbi za nje pande zote liliitazama bahari, na kila jahazi na manowari iliyoingia bandarini ililiona kwanza kabla ya kuona kitu kingine. Yalikuwa maneno ya mtawala, yaliyosemwa kwa chuma na chokaa.

Ng'ambo tulijenga kwa udongo, fito, mawe madogo na makuti. Nyumba ilikuwa na baraza mbele, ukumbi katikati, vyumba kushoto na kulia, na uani nyuma. Waliojenga walikuwa watumwa na waliokombolewa, wavuvi, wachukuzi, mafundi, watu wa visiwani na wa bara. Soko la watumwa la Mkunazini lilifungwa mwaka 1873, na utumwa wenyewe ulipigwa marufuku kisheria mwaka 1897. Kila hatua iliongeza watu upande wetu, maana mtu aliyetoka chini ya bwana alihitaji mahali ambapo atafunga mlango wake mwenyewe.

Lakini tusijidanganye kwamba mstari ulikuwa safi tangu zamani. Katika karne ya 19 vilikuwapo vibanda vya makuti ndani ya mji wa mawe, na zilikuwapo nyumba za mawe Ng'ambo. Waarabu wasio na mali waliishi kwetu, Washihiri na Wangazija pia. Hata majina ya mitaa yanasimulia mchanganyiko huo. Mwembetanga na Mwembeladu ni majina ya miembe. Kwaalinatu na Kwahajitumbo ni majina ya watu. Mtaa ulitambulishwa kwa mti uliokupa kivuli au kwa jirani uliyemjua.

MSTARI KWENYE RAMANI

Uingereza iliifanya Zanzibar himaya yake mwaka 1890. Agosti 1896 manowari zake zilipiga mabomu kasri la Sultani kwa muda usiofika saa moja, na baada ya hapo hakuna aliyekuwa na shaka ni nani anayeamuru. Waingereza hawakuujenga upya mji. Walifanya jambo jengine, ambalo athari yake ilikuwa kubwa zaidi: waliupa mji ramani, kanuni na majina ya aina ya watu.

Kwa kanuni zao za ujenzi na za afya, jengo la mawe lilikuwa "nyumba" na la udongo lilikuwa "kibanda". Kibanda kilitakiwa kibaki upande mmoja wa Pwani Ndogo, na nyumba upande wa pili. Kilichokuwa kawaida ya mazoea kikawa sheria. Ofisa hakuhitaji tena kukuuliza wewe ni nani. Alitazama paa lako.

Wakati huohuo wakajenga majengo yao ya serikali kwa sura ambayo waliona inafaa mji wa Kiislamu: makuba, matao na kuta nyeupe. Aliyechora mengi ya majengo hayo ni John Sinclair, ofisa aliyepanda hadi kuwa Balozi Mkazi wa Uingereza. Mahkama ya Vuga ni kazi yake, na Jumba la Makumbusho la Mnazi Mmoja, lililofunguliwa mwaka 1925, pia ni kazi yake. Mtu akipita leo anaweza kudhani ni majumba ya masultani. Yalikuwa majumba ya dola la Kiingereza, yaliyovishwa kanzu ili mwenyeji asishtuke.

Mwaka 1923 ulichapishwa mpango wa kwanza kamili wa mji wetu. Mwandishi wake, H. V. Lanchester, alikuwa ameshafanya kazi ya kupanga miji nchini India. Aliandika juu ya hori, barabara, bandari na namna ya kuipanga upya Ng'ambo. Sehemu kubwa ya mpango ule ilibaki kwenye karatasi. Fedha hazikuwapo, na zilipopatikana zilianza upande wa mawe. Hori ilifukiwa kidogo kidogo mpaka ikawa barabara na viwanja, lakini maji yaliyokuwa yakiingia na kutoka humo hayakuulizwa yatakwenda wapi.

NYUMBA YANGU, KIWANJA CHAKE

Hapa tunafika kwenye jambo lililowauma wazee wetu kuliko yote. Kwa desturi ya Unguja, nyumba na kiwanja vilikuwa mali mbili. Mtu aliweza kumiliki kuta, mlango na paa, na mwengine akamiliki ardhi iliyo chini yake. Hapo mwanzo matajiri wengi waliwaruhusu watu kujenga kwenye ardhi zao bila kodi, maana kuwa na watu wengi nyuma yako kulikuwa heshima. Baadhi ya viwanja vilikuwa vya wakfu.

Ukoloni ulipoleta hati, mahkama na soko la ardhi, heshima ile ikageuka kuwa hesabu ya fedha. Viwanja vilibadilisha mikono, na wenye navyo wapya walidai kodi, wakaipandisha. Mchukuzi wa bandarini aliyejenga nyumba yake kwa miaka kumi, fito kwa fito, akajikuta anaweza kuondolewa pamoja na familia yake kwa kiwanja ambacho hakikuwahi kuwa na thamani mpaka watu kama yeye walipokifanya mtaa.

Mwaka 1928 watu wa Ng'ambo walikataa kulipa. Mgomo ule wa kodi ya viwanja haukuongozwa na chama wala haukuwa na ofisi. Ulipangwa pale ambapo mambo yote ya Ng'ambo hupangwa: kwenye baraza, visimani, na uani ambako wanawake walipikia na kuzungumza. Wenye viwanja walikwenda mahkamani, watu wakafungwa, na umati ukaenda gerezani kuwatoa. Wanawake walikuwa mstari wa mbele. Serikali ililazimika kutunga sheria ya kudhibiti kodi hizo. Mwaka huohuo Siti binti Saad, mtoto wa Fumba aliyehamia Ng'ambo mwaka 1911, alivuka bahari kwenda Bombay kurekodi nyimbo zake, na sauti ya mtaa wetu ikasikika kwenye santuri mahali ambapo hakuna hata mmoja wetu aliyefika.

Wakoloni walijenga mji ili kila mtu ajue nafasi yake. Lakini kuta zilezile za udongo, kwa kuwa zilikaribiana na baraza zake zilitazamana, ziliwafanya watu wa makabila na asili tafauti wawe majirani wenye shauri moja. Hilo halikuwamo kwenye ramani yoyote.

RAHA LEO

Baada ya Vita Kuu ya Pili, serikali ya kikoloni ilirudi na mpango mwengine. Eric Dutton, Katibu Mkuu wa serikali ambaye kabla yake alishughulikia ujenzi wa Lusaka, alitaka Ng'ambo ipate nyumba za mfano na kituo cha jamii ili watu watulie. Mchoraji wake alikuwa Ajit Singh. Nyumba zilizojengwa zilikuwa chache. Kituo kilijengwa, nacho kikaitwa Raha Leo.

Historia ina mzaha wake. Januari 1964 Mapinduzi yalipotokea, Raha Leo ndiyo iliyokuwa makao makuu ya wanamapinduzi, na redio ya pale ndiyo iliyotangaza kwamba serikali imeanguka. Jengo lililowekwa ili Ng'ambo itulie likawa mahali ambapo Ng'ambo ilitawala. Ardhi ikatwaliwa na serikali, na kodi ya kiwanja iliyowatesa babu zetu ikaisha.

Hata hivyo mipango kutoka ng'ambo ya bahari haikuisha. Mwaka 1968 wataalamu wa Ujerumani Mashariki walichora mpango mpya, na maghorofa ya Michenzani, kila moja refu kama treni, yakapita juu ya mitaa ya udongo. Wengi walipata nyumba imara, umeme na maji ya bomba, na walishukuru. Walichokosa ni uani, na baraza ya kumwona jirani akipita. Mji Mkongwe nao uliingizwa kwenye Urithi wa Dunia mwaka 2000. Ng'ambo ikabaki nje ya mpaka, kama kawaida yake, ingawa mji ule haukuwahi kuishi siku moja bila mikono ya watu wetu.

TUNAOMBA NINI

Sasa turudi kwenye mitaro. Kila masika maji husimama katika mitaa yetu ya chini. Huingia ukumbini, hulowesha magodoro na madaftari ya watoto, huleta kipindupindu na homa. Maji hayana kosa. Yanafuata njia yake ya zamani kuelekea Pwani Ndogo ambayo haipo tena, na hakuna aliyemtengenezea njia nyengine mtu wa upande wa pili.

Kwa miaka mia na zaidi waliotoka mbali wametuchorea namna ya kuishi. Safari hii kazi imeanza barazani. Vijana wetu, pamoja na masheha na wazee, walipita mtaa kwa mtaa wakati wa mvua na kutia alama za chokaa kwenye kuta kuonyesha maji yalifika wapi. Kina mama ndio waliojua zaidi, kwa sababu wao ndio wanaoyachota kwa ndoo usiku. Alama zile ndizo ramani yetu, na mafundi wameshaipokea.

Ndugu yangu ulioko Maskati, London au Dar es Salaam, huenda kizazi chako cha tatu hakijawahi kuona nyumba ya udongo. Lakini yuko babu au bibi aliyejenga kuta zake juu ya kiwanja cha mwengine na akakataa kuondoka. Mchango wako ni wa kumalizia kazi yake. Toa ulichojaaliwa, kidogo au kikubwa, na ukija likizo wakati wa masika, usivae viatu vya mvua. Inshallah hutavihitaji.