Bahasha ya Kaki Kutoka Kashai: Hesabu ya Gharama za Posta kwa Bahasha Kubwa

Bahasha kubwa, kwa hesabu za Posta, ni barua iliyozidi kipimo cha barua ya kawaida kwa upana, unene au uzito, lakini haijawa kifurushi. Kashai, moja ya kata za Manispaa ya Bukoba, kila mtu anaifahamu bahasha hiyo kwa sura: ni bahasha ya kaki ya A4 kutoka steshenari, na ndani yake mna barua ya maombi, wasifu, nakala za vyeti zilizogongwa muhuri wa hakimu au wakili, pengine na picha mbili za pasipoti. Anaituma kijana anayeomba kazi, mzazi anayefuatilia uhamisho wa mtoto, na familia inayoshughulikia mirathi ya marehemu aliyefanyia kazi Dar es Salaam. Wote huulizana swali moja mbele ya dirisha la Posta: hii itakuwa shilingi ngapi? Swali hilo ni bora liulizwe nyumbani, bahasha ikiwa bado wazi, kwa sababu dirishani karani hupima tu kile kilichokwisha kuamuliwa mezani.

Ili kuelewa kwa nini bei huwa vile ilivyo, inafaa kurudi Uingereza ya mwaka 1840. Kabla ya hapo, gharama ya barua ilifuata umbali na idadi ya karatasi, na mara nyingi alilipa mpokeaji. Rowland Hill alionyesha katika andiko lake la 1837 kwamba safari yenyewe hugharimu kidogo sana kwa kila barua. Kinachokula fedha ni kuipokea, kuichambua, kuiandika na kuifikisha. Ndipo ikaja stempu, mtumaji akalipa mwanzoni, na uzito ukawa ndio kipimo. Fikra hiyo bado inaishi katika kila jedwali la bei za Posta. Bei hupanda kama ngazi: ukiwa popote juu ya kidato kimoja unalipa kiasi kilekile, ila ukikivuka kwa gramu moja unalipa bei ya kidato kinachofuata chote. Na kidato cha kwanza ndicho ghali kuliko vyote ukilinganisha gramu kwa gramu, kwani ndicho kinachobeba kazi yote ya mikono.

Umoja wa Posta Duniani, UPU, ulioanzia kwenye mkataba wa Bern wa tarehe 9 Oktoba 1874, ndio uliozipa nchi nyingi vidato vinavyofanana. Kwa barua, vidato vilivyoenea ni gramu 20, 100, 250, 500, kisha kilo 1 na kilo 2. Shirika la Posta Tanzania, lililoanza kazi tarehe 1 Januari 1994 baada ya Shirika la Posta na Simu kugawanywa, lina jedwali la barua za ndani na jedwali jingine la barua za nje. Soma jedwali linalokuhusu kabla ya kuanza hesabu, maana bei hubadilika, na vidato vya ndani si lazima vilingane na vya nje.

Karatasi kama jiwe la mizani

Jambo moja lenye faida kubwa, na wachache wanalijua, ni kwamba karatasi ya A4 imejipima yenyewe. Karatasi ya A0 ina eneo la mita moja ya mraba, na A4 ni sehemu yake ya kumi na sita. Karatasi ya kawaida ya fotokopi imeandikwa gramu 80 kwenye rimu, yaani gramu 80 kwa mita ya mraba. Gawanya kwa 16, unapata gramu 5. Kwa hiyo rimu ya karatasi 500 ina kilo mbili na nusu, karatasi 4 ni gramu 20, na karatasi 20 ni gramu 100.

Hapo ndipo mizani inapopatikana hata kwa asiye na mizani. Mizani ya dukani ya kupimia sukari imekaguliwa na Wakala wa Vipimo na ni ya kuaminika kwa kazi yake, lakini haikutengenezwa kwa gramu tano tano. Chukua hanga ya nguo, itundike iende huru, fungia pande zake mifuko miwili inayofanana. Upande mmoja weka karatasi 20 safi, upande wa pili weka bahasha yako. Ukiona upande wa bahasha unashuka, umepita gramu 100. Mwenye jirani anayeoka keki ataomba mizani yake ndogo ya kidijitali, na hiyo ni bora zaidi.

Sasa tuhesabu bahasha ya mwombaji kazi. Barua karatasi 1, wasifu karatasi 3, nakala za vyeti 6, fomu yenye kurasa 8. Jumla karatasi 18, sawa na gramu 90. Bahasha ya kaki ya A4 yenyewe ni kati ya gramu 15 na 20, kutegemea ugumu wake. Tayari tumevuka gramu 100, na tunalipia kidato kinachofika 250 kwa ajili ya gramu chache za ziada. Inauma kulipa hivyo, hasa kwa mtu anayetuma maombi kumi kabla hajaitwa kwenye usaili hata mmoja.

Bahasha hiyohiyo inaweza kupungua bila kupoteza hata neno. Fomu ya kurasa 8 ikiprintiwa mbele na nyuma inakuwa karatasi 4, na wasifu wa kurasa 3 unakuwa karatasi 2. Barua na nakala za vyeti ziache zilivyo, maana muhuri wa hakimu unasomeka vizuri zaidi kwenye karatasi yenye upande mmoja. Tumebaki na karatasi 13, gramu 65. Zikunje mara moja katikati, zitaingia kwenye bahasha ya A5, ambayo ina gramu 7 hadi 10. Mzigo wote ni gramu 75 hivi. Karatasi moja ina unene wa sehemu ya kumi ya milimita. 13 zilizokunjwa ni tabaka 26, yaani milimita mbili na nusu au tatu kwenye mkunjo. Umuhimu wa unene huo utaonekana mbele.

Vinavyoongeza uzito kimyakimya ni vya kuangalia kwa jicho kali. Faili la plastiki linaweza kuzidi uzito wa karatasi tano. Cheti kilichofanyiwa laminesheni hubeba plastiki inayoweza kufika gramu 20, na tena hakikunjiki. Kwa maoni yangu, cheti halisi hakipaswi kuingia kwenye bahasha ya kawaida hata kidogo, isipokuwa mpokeaji amekidai kwa maandishi. Nakala iliyothibitishwa inatosha kwa kazi nyingi, na ikipotea haikupotezei miaka ya masomo. Pini moja ya stepla haina uzito wa kuhesabika, lakini klipu kubwa za chuma na selotepu iliyozungushwa mara tatu zinao.

Bukoba ina jambo lake jingine, nalo ni mvua. Mji huu hupata milimita 2,000 hivi kwa mwaka, na upepo wa Ziwa Viktoria huleta unyevu hata siku kavu. Karatasi hunyonya unyevu, ikaongezeka uzito kwa asilimia kadhaa. Bahasha iliyopimwa gramu 98 baada ya kutoka kwenye mashine ya fotokopi yenye joto inaweza kuwa 101 baada ya kulala usiku kucha chumbani. Acha nafasi ya gramu tano chini ya kila kidato.

Umbo pia lina bei

Kwa barua za nje, uzito si kipimo pekee. Chini ya kanuni za UPU, barua ndogo haizidi milimita 245 kwa 165, unene milimita 5 na uzito gramu 100. Barua kubwa inakwenda hadi milimita 381 kwa 305, unene milimita 20 na gramu 500. Zaidi ya hapo ni vipeto, hadi kilo 2. Bahasha ya A5, yenye milimita 229 kwa 162 na unene ule wa milimita tatu hivi, imo ndani ya barua ndogo. Kwa hiyo mwombaji wetu, kama barua yake ingekwenda ng'ambo, angekuwa ameshuka kutoka daraja la barua kubwa hadi la ndogo kwa kukunja mara moja.

Nchi nyingine zimelifanya umbo kuwa kipimo hata kwa barua za ndani. Uingereza ilianza kutoza kwa umbo tarehe 21 Agosti 2006, na Marekani bahasha kubwa isiyokunjika au yenye uvimbe upande mmoja hutozwa kama kifurushi. Ndugu aliye huko anayetaka kukurejeshea hati ayajue hayo kabla hajatia kalamu ya zawadi ndani ya bahasha.

Tena, tangu 2018 UPU imetenganisha hati na bidhaa. Hati husafiri kama barua. Bidhaa husafiri kama kipeto, ikiwa na fomu ya forodha. Mwana Bukoba anayemwandikia mtoto wake aliye Muscat hutamani kupenyeza pakiti ya senene waliokaushwa, na upendo huo naufahamu. Lakini pakiti hiyo huigeuza barua nzima kuwa kipeto cha bidhaa, na senene ni chakula, kwa hiyo nchi inayopokea ina masharti yake. Tuma barua kama barua, na senene kwa njia yao.

Zamani Kampala isingekuwa kwenye hesabu hizi za nje. Chini ya posta ya pamoja ya Afrika Mashariki, stempu moja ilitumika Kenya, Uganda na Tanzania, na Wahaya waliofanya kazi Uganda waliandikiana na Bukoba kwa stempu hizo. Jumuiya ya Afrika Mashariki ilipovunjika mwaka 1977, Masaka, mji ulio karibu na Bukoba kuliko Dar es Salaam kwa mbali sana, ukawa nchi ya nje kwa mizani ya Posta.

Kawaida, rejista, EMS au basi

Huduma ya kawaida ndiyo nafuu, na inafaa kwa nakala. Rejista huongeza ada juu ya bei ya uzito, ikakupa namba na ushahidi kwamba ulituma. Kwa madai ya mirathi au barua yenye tarehe ya mwisho, ada hiyo ni fedha iliyotumika vizuri. EMS ni ya haraka na ghali, na kidato chake cha kwanza ni kipana, kwa kawaida nusu kilo. Maana yake ni kwamba kubana karatasi tatu hakukusaidii kwenye EMS. Kinachosaidia ni kujaza nafasi uliyokwisha kuilipia, kwa mfano shule kutia fomu za wanafunzi kadhaa kwenye bahasha moja kama mpokeaji anaruhusu.

Kizazi kizima cha wanafunzi wa Kagera kiliijua EMS kupitia Bodi ya Mikopo ya Wanafunzi wa Elimu ya Juu. Kwa miaka kadhaa mwombaji alijaza fomu mtandaoni, akaiprinti, akaisainisha, akaambatisha nakala, kisha akaituma Dar es Salaam kwa EMS, safari ya zaidi ya kilomita 1,300. Siku hizi nyaraka hupakiwa mtandaoni, na Sekretarieti ya Ajira nayo hupokea maombi kwenye mfumo wake. Kwa hiyo hatua ya kwanza kabisa ya kubana gharama ni kusoma tangazo hadi mwisho: huenda bahasha haihitajiki.

Wengi Kashai hutuma bahasha kwa basi. Ni haraka kwa Mwanza au Muleba, na mpokeaji huifuata stendi. Mamlaka ya Mawasiliano Tanzania huwataka wasafirishaji wa vifurushi na vipeto wawe na leseni, mabasi yakiwemo. Dai risiti yenye namba, na usimkabidhi kondakta bahasha mkononi bila ofisi kuiandika. Kwa anayeishi visiwa vya Muleba kama Bumbire au Goziba, basi halifiki, na hapo sanduku la barua la shule, parokia au zahanati mara nyingi ndilo anwani ya kutegemewa.

Nauli nayo iingie kwenye hesabu. Bodaboda kutoka Kashai hadi Posta mjini, kwenda na kurudi, inaweza kumeza akiba yote uliyoipata kwa kupunguza karatasi. Kusanya bahasha za wiki, au mpe anayekwenda mjini za majirani wote. Safari ya pili kwa sababu ya stempu pungufu ni hasara, na bahasha ya nje yenye upungufu ikiondoka hivyo hugongwa herufi T, mpokeaji akadaiwa. Mwajiri anayedaiwa kwa ajili ya maombi yako hana sababu ya kuyapokea. Andika sanduku la barua, mji, na postikodi, ambayo kwa Kagera huanza na 35, na nyuma ya bahasha andika anwani yako kamili ili ikikosa mwenyewe irudi.

Kuna bahasha moja isiyolipiwa. Chini ya mkataba wa UPU, maandishi ya wasioona husamehewa gharama za posta hadi kilo 7, ingawa nchi inaweza kutoza nyongeza ya ndege. Karatasi ya nukta nundu ni nene na nzito, na kitabu kimoja cha kawaida hugeuka majuzuu kadhaa. Bila msamaha huo, kitabu cha mtoto asiyeona kingegharimu mara nyingi zaidi ya cha mwenzake. Bukoba ina Shule ya Msingi Mugeza Mseto, ambako watoto wasioona husoma pamoja na wenzao. Anayetaka kuwatumia vitabu aiache bahasha bila gundi ili karani aone kilichomo, aandike juu kwamba ni maandishi ya wasioona, na audai msamaha huo dirishani kabla ya kutoa fedha.