Dhahabu ya harusi: mke athibitisheje kuwa ni yake?

Mwambao wa Ziwa Tanganyika, Minago hadi Rumonge, mikufu na bangili za bibi harusi wa Kiislamu huenda zikawa mahari, zawadi, au vitu vya kuazima. Tofauti hiyo huulizwa ndoa inapovunjika.

Katika Uislamu mahari ni ya mke mwenyewe (An-Nisaa, aya ya 4), si ya baba yake. Kanuni ya Watu na Familia ya Burundi, ya tarehe 28 Aprili 1993, hutambua ndoa iliyofungwa mbele ya afisa wa serikali. Mgawanyo wa mali umebaki zaidi mikononi mwa desturi. Ng’ambo ya mpaka, kifungu cha 61 cha Sheria ya Ndoa ya Tanzania ya 1971 huhesabu zawadi baina ya wanandoa kuwa mali ya aliyepewa, mpaka ithibitishwe vinginevyo.

Anayedai ndiye hutakiwa kuleta ushahidi. Picha ya harusi huonyesha aliyevaa, si mwenye mali. Risiti ya sonara yenye jina na gramu ina nguvu zaidi. Vivyo hivyo hati ya nikaha inayotaja mahari, na mashahidi waliosikia ikikabidhiwa. Hati iliyoandikwa “dhahabu” tu, pasipo idadi wala uzito, haimfai sana mke ambaye bangili zake zimekwisha uzwa.