Wanyama wa nchi baridi katika tropiki

Wanyama wa nchi baridi ni wanyama ambao maumbile na mwenendo wao unalingana na mazingira ya baridi kali, kama vile dubu mweupe, sili wa Aktiki na samaki aina ya trauti. Kwa kawaida hawaishi porini katika kanda ya tropiki. Sababu si joto peke yake: chakula, uzazi, magonjwa na historia ya kuenea kwa kila spishi huchangia pia.

Mazingira ya Mwanza

Jiji la Mwanza liko kusini kidogo kwa ikweta, kando ya Ziwa Viktoria, kwenye kimo cha mita 1,140 hivi juu ya usawa wa bahari. Halijoto ya mchana ni karibu sentigredi 28 mwaka mzima, na mchana hudumu takriban saa 12 katika kila mwezi. Hakuna majira ya baridi.

Sababu

Mwili wa mamalia hutengeneza joto muda wote, na joto la ziada lazima litoke. Dubu mweupe ana manyoya mazito na tabaka la mafuta chini ya ngozi ambalo huweza kufikia sentimita 10. Vitu hivyo humwokoa kwenye barafu, lakini mahali penye joto humzuia kupoa. Tena huwinda sili juu ya barafu ya bahari, hivyo Mwanza asingepata chakula chake. Wanyama wengi wa kaskazini pia hupanga uzazi kwa kufuata kurefuka kwa mchana, dalili ambayo karibu na ikweta ni hafifu sana.

Pimbi ni mfano wa jinsi mwili unavyolingana na mahali. Wanaoishi kwenye miamba ya Kisiwa cha Saanane, Mwanza, wana manyoya mafupi kuliko jamaa zao wa Mlima Kenya, ambao huishi kwenye baridi zaidi ya mita 4,000 juu ya usawa wa bahari.

Trauti na sangara

Mwaka 1905 trauti kutoka Uskoti waliletwa Kenya na kupandikizwa katika mito ya milima ya Aberdare. Walistawi kwa sababu maji ya huko ni baridi, na maji baridi hubeba oksijeni nyingi kuliko maji ya joto. Hawakuenea katika maji ya joto ya nyanda za chini. Maji ya juu ya Ziwa Viktoria huwa na sentigredi 24 hadi 27, ilhali trauti hupata shida yanapozidi 20 hivi. Kinyume chake sangara, samaki wa maji ya joto, alipandikizwa katika ziwa hilo miaka ya 1950 na 1960 akaenea kote, na spishi nyingi za furu zikatoweka.

Wageni na wasio wa kawaida

Ndege kadhaa wa nchi baridi, wakiwemo mbayuwayu na korongo weupe wa Ulaya, hufika Afrika Mashariki kati ya Septemba na Aprili. Hukimbia hasa uhaba wa chakula wakati wa baridi, kisha hurudi kaskazini kuzaa. Pengwini wa visiwa vya Galápagos huishi kwenye ikweta yenyewe, lakini mikondo baridi ya bahari ndiyo inayowawezesha.

Umuhimu kwa wafugaji

Ng'ombe wa maziwa aina ya Friesian, ambao asili yao ni Ulaya, huanza kuelemewa na joto linapozidi sentigredi 25 hivi: hula kidogo, huhema haraka na maziwa hupungua. Pia hushambuliwa kwa urahisi na ndigana kali inayoenezwa na kupe. Kwa hiyo wafugaji wengi huchanganya damu yao na zebu wa kienyeji, na kuwapa kivuli, maji ya kutosha na dawa ya kuogesha.

Mabadiliko ya tabianchi

Dunia inapopata joto, wanyama wa baridi wa milimani husogea juu zaidi. Wakifika kileleni hawana mahali pengine pa kukimbilia, na kati ya mlima mmoja na mwingine kuna nyanda za joto wasizoweza kuzivuka.