Ngitili ya mjini: Bariadi na ardhi tunayoiziba



Nimekuwa kimya kidogo. Nilikuwa Bariadi kikazi, na leo nataka tuongelee jambo lililonikuta pale, halafu turudi nyuma miaka mia moja hivi. Msiogope, nitajitahidi nisiwachoshe.

Mvua ilinikuta mtaani, nikajibanza kwenye baraza la duka moja. Mbele ya duka ni pevingi tupu, safi, imepangwa vizuri, hakuna hata unyasi. Haikupita nusu saa, uwanja ule ukageuka bwawa. Mama mwenye duka akashika ndoo na kuanza kuyazoa maji na kuyamwaga mtaroni. Pembeni yake kulikuwa na madumu matupu yakisubiri muuza maji. Nikamtania: "Shikamoo mama. Mbona unayafukuza maji na madumu hayana kitu?" Akacheka. "Marahaba mwanangu. Hayo si maji, hayo ni matatizo."

Mzee mmoja tuliyejibanza naye akadakia: "Hapa palikuwa na nyasi. Maji yalikuwa yanalala hapa hapa."

Sentensi hiyo ya mzee ndiyo iliyonifanya niandike.

Wasukuma waliijua ardhi yao kwa majina kabla ya mtaalamu yeyote kuja na koleo. Juu mlimani kuna luseni, udongo wa kichanga unaonywa maji haraka. Ukishuka unakutana na itogolo na ibambasi, ardhi ngumu ambayo maji hupita juu yake bila kuzama. Bondeni kabisa kuna mbuga, udongo mweusi unaovimba ukilowa na kupasuka ukikauka. Mwingereza Geoffrey Milne, mtaalamu wa udongo wa kituo cha Amani kule Tanga, aliuita mpangilio wa namna hii "katena" katika miaka ya 1930, yaani mnyororo, na neno hilo bado linafundishwa vyuoni duniani kote. Wakulima wa Usukuma walikuwa wakiusoma mnyororo huo kila msimu: mtama na karanga juu, mpunga kwenye majaluba chini. Na jaluba ni nini? Ni kipande cha shamba kilichozungushiwa tuta dogo linalozuia maji yasikimbie. Basi.

Sasa tuje kwenye kosa la kwanza. Miaka ya 1920 serikali ya kikoloni ilianza vita dhidi ya mbung'o. Makao ya utafiti yakawa Shinyanga, chini ya Charles Swynnerton, na dawa iliyoaminiwa ilikuwa kufyeka pori. Maelfu ya watu wakashika mashoka. Tuwe wakweli, mbung'o alikuwa adui kweli, ng'ombe walikuwa wanakufa, na pori lilipoondoka watu walipata pa kuishi na kuchungia. Baadaye ikaja pamba, miti ikazidi kuondoka, mifugo ikaongezeka. Ardhi ikabaki uchi, na ardhi iliyo uchi haishiki maji.

Wakoloni waliliona tatizo. Mwaka 1947 wakaanzisha Mpango wa Maendeleo wa Usukuma, makao yake Malya. Ulichimba malambo, na baadhi ya kazi zake zilikuwa nzuri. Lakini ulikuja na amri: punguza ng'ombe, lima matuta hivi, usipofanya faini. Watu wakachukia, na chuki hiyo ikawa kuni kwenye moto wa siasa za uhuru. Tukumbuke kwamba TANU ilizuiwa kufanya kazi Usukuma kuanzia 1954. Ardhi haikupona kwa amri.

Baada ya uhuru tukafanya kosa letu wenyewe. Operesheni ya vijiji vya ujamaa katikati ya miaka ya 1970 iliwahamisha watu kutoka kwenye maeneo yao, na ngitili nyingi zikakosa mwenyewe. Kwa wasiojua, ngitili ni eneo la malisho linalofungwa mvua zinapoanza, nyasi na miti vikue, halafu linafunguliwa kiangazi kikali. Familia ina yake, kijiji kina yake. Ukiingiza ng'ombe kwa wizi, unajibu mbele ya dagashida, baraza la jadi.

Kufikia katikati ya miaka ya 1980 hali ilikuwa mbaya kiasi kwamba Mwalimu Nyerere anakumbukwa kwa kuiita Shinyanga jangwa la Tanzania. Na Shinyanga ya wakati huo ndiyo hiyo hiyo iliyokuwa na Bariadi, Maswa na Meatu ndani yake. Mwaka 1986 ukaanza mradi wa Hifadhi Ardhi Shinyanga, HASHI. Wataalamu walianza kwa kuhimiza kupanda miche, kisha wakagundua kwamba wenyeji wana dawa yao tayari. Ngitili zikarudi. Kutoka hekta kama 600 mwaka 1986, zilifika zaidi ya hekta 300,000 mwanzoni mwa miaka ya 2000. Sehemu kubwa haikupandwa mti hata mmoja. Visiki viliachwa vikachipua vyenyewe. Mwaka 2002 HASHI ikapewa tuzo ya kimataifa ya Equator kule Johannesburg. Mradi ulimalizika 2004.

Mnaniuliza, sasa hayo yanahusiana nini na pevingi ya dukani?

Yanahusiana sana. Mwaka 2012 Mkoa wa Simiyu ulizaliwa, Bariadi ikawa makao makuu. Mji uliokuwa wa wilaya ukaanza kuvaa suti ya mkoa: ofisi, gesti, vituo vya mafuta, stendi. Mwaka 2017 ikazinduliwa barabara ya lami kutoka Lamadi, kilometa zaidi ya 70. Sensa ya 2012 ilihesabu watu 1,584,157 mkoani. Ya 2022 ikahesabu 2,140,497. Mimi sipingi lami. Ningefikaje Bariadi kwa saa chache bila lami? Waulize waliokuwa wakinasa kwenye udongo mweusi wakati wa masika.

Ninachosema ni kwamba lami, zege na pevingi iliyosakafiwa ni ibambasi ya kutengenezwa. Mababu waliikuta ibambasi mahali pake kwenye mnyororo, wakajua maji yatapita pale na kuyasubiri chini. Sisi tunaitandaza popote, juu kwenye luseni na chini kwenye mbuga, halafu tunashangaa duka kujaa maji. Tumefyeka tena, ila safari hii kwa simenti.

Piga hesabu nami. Bati la mita za mraba 100, mvua ya milimita 700 kwa mwaka: hizo ni lita 70,000. Toa zinazopotea, bado unabaki na zaidi ya lita 50,000 kwa nyumba moja. Na huku mwaka 2017 Mfuko wa Kijani wa Tabianchi uliidhinisha mradi mkubwa wa kuleta maji Simiyu kutoka Ziwa Victoria. Mradi wenyewe ni wa lazima, kiangazi cha Meatu hakina mzaha. Lakini kuvuta maji kutoka ziwani huku tukiyafukuza yanayoshuka bure juu ya paa... hapo mnisaidie kuelewa.

Dar es Salaam ilishalipa ada ya somo hili. Mafuriko ya Desemba 2011 yaliua watu zaidi ya 40, na wakazi wa bonde la Msimbazi wakahamishiwa Mabwepande. Wachina nao, baada ya miji yao kuzama mara kadhaa, mwaka 2015 walichagua miji 16 ya majaribio iwe kama sifongo: inyonye mvua badala ya kuitema. Wanatumia fedha nyingi kurudisha walichokwisha kukifukia. Bariadi bado ni mji mchanga. Haijachelewa.

Tufanye nini? Kwanza, tuisome ardhi kama wazee. Penye luseni, pevingi ipangwe juu ya mchanga na kokoto, mianya isizibwe kwa simenti, maji yazame. Penye mbuga usijaribu hilo: udongo ule ukinywa maji unavimba na kupasua msingi wa nyumba. Pale maji yaongozwe mbali na kuta, yaende kwenye lambo au tangi. Pili, mitaro yetu isiwe ya kukimbiza maji tu. Ipitie kwenye bustani zilizochimbwa chini kidogo kuliko barabara, yaani jaluba la mjini, lenye nyasi na miti ya kivuli. Tatu, kila ofisi ya umma, shule na zahanati iwe na gata na tangi kabla ya kuwekewa pevingi getini.

Na nne, ndiyo kubwa: maeneo ya wazi mjini yafungwe kama ngitili, yaani yawe na wenyewe. Tukisubiri sheria ndogo na faini peke yake, tutarudia Malya ya 1947. Ngitili ilirudi kwa sababu mwenye ng'ombe aliona nyasi zake Septemba. Mwenye duka naye aone maji yake Septemba, atalinda tangi na mti wake bila kulindwa na mgambo.

Mvua ilipokatika, mzee alinyanyuka, akaruka mtaro kwa fimbo yake na kwenda zake. Maji ya mama yalikuwa yameshatangulia, yanaelekea bondeni. Saa kumi jioni nikamuona muuza maji anasukuma baiskeli kuja dukani, madumu yamefungwa pande zote mbili.

Wanaojenga mwaka huu, huko Bariadi na kwingineko, hebu semeni: mmeacha kipande gani cha ardhi maji yalale?