Karakana ya Mikokoni

Nimekuwa kimya, kazi ya kuandika programu imenibana. Leo tuweke kompyuta kando, tuwazungumzie mafundi wa vita.

Mwaka 1942 kampuni ya Plessey ilianza kutengeneza vipuri vya ndege ndani ya mahandaki ya reli ya London, kabla treni hazijaanza kupita humo. Wafanyakazi wapatao 2,000, wengi wao wanawake, walifichwa chini ya ardhi mabomu yasiwafikie.

Huku kwetu karakana za mafichoni zilitangulia. Septemba 20, 1914 manowari ya Kijerumani Königsberg iliizamisha Pegasus ya Waingereza bandarini Zanzibar, kisha injini yake ikaharibika. Ikajificha katika delta ya Rufiji. Sisi wa Masalani, majirani wa mto Tana, tunaelewa: mto ukikaribia bahari hugawanyika, na mgeni hupotea. Vipuri vya injini vilipelekwa nchi kavu hadi Dar es Salaam, vikatengenezwa, vikarudishwa mikokoni.

Waingereza wakahitaji ndege. Novemba 1914 rubani Dennis Cutler aliletwa kisiwa cha Niororo na ndege ya majini ya Curtiss. Rejeta ikaharibika. Meli ikatumwa Mombasa, ikarudi na rejeta ya gari la Ford! Akaruka, akaiona manowari. Ndege za Sopwith zilizofuata mwaka 1915 zilishindwa na joto. Gundi ya mbao iliachia.

Julai 11, 1915, rubani Cull na mwenzake Arnold waliwaelekeza wapiga mizinga kwa redio. Ndege yao ilipopigwa, waliendelea kutuma vipimo huku wakishuka. Wajerumani wakaizamisha Königsberg wenyewe, lakini mizinga yake 10 waliiopoa, wakaitengeneza Dar es Salaam na kupigana nayo nchi kavu.

Linaloniuma ni hili. Katika programu, kila mstari una kumbukumbu ya aliyeuandika. Majina ya Cutler, Cull na Arnold tunayo. Je, Waafrika waliobeba na kuvuta vyuma vile? Wapagazi wa upande wa Waingereza angalau waliachiwa majina ya mitaa: Kariakor ya Nairobi na Kariakoo ya Dar.

Mzinga mmoja wa Königsberg uko Fort Jesus, Mombasa. Ukifika hapo, piga picha. Kisha ukirudi nyumbani waulize wazee: nani wa ukoo wetu alichukuliwa vitani? Andika jina lake mahali.