Kabla ya Ulaya, Samatta alipikwa Lubumbashi

Ukilitaja jina la Mbwana Ally Samatta barazani, iwe Likoni au Malindi, wengi watakukumbusha bao la kichwa alilowafunga Liverpool pale Anfield mnamo Novemba 2019 akiwa na Genk. Wengine watataja Januari 2020, alipotua Aston Villa na kuwa Mtanzania wa kwanza kucheza Ligi Kuu ya Uingereza. Siyakatai hayo. Ila vijana wetu wanaihadithia safari hii kuanzia katikati. Kabla ya Ubelgiji, mshambuliaji huyu alikaa Lubumbashi zaidi ya miaka minne, na huko ndiko nitakakokaa nami leo.

Samatta alizaliwa Desemba 1992 jijini Dar es Salaam. Alipitia African Lyon, kisha akachezea Simba msimu mmoja tu, wa 2010/11. Mwaka huo wa 2011 Simba walikutana na TP Mazembe katika Ligi ya Mabingwa Afrika wakatolewa, na Mazembe wakaondoka na kijana huyo wa miaka 18. Baadaye Simba walilalamika kwamba Mazembe wamemchezesha mtu asiyeruhusiwa, na Mazembe wakaondolewa mashindanoni. Kwa hiyo klabu iliyomuuza na klabu iliyomnunua zilikuwa zikivutana mezani mwaka ule ule. Kandanda yetu hiyo.

Tusiichukulie Mazembe kama kituo cha kupitia tu. Walikuwa wametwaa ubingwa wa Afrika 2009 na 2010, na Desemba 2010 wakawa klabu ya kwanza ya Afrika kufika fainali ya Kombe la Dunia la Klabu, wakafungwa 3-0 na Inter Milan. Chini ya tajiri wao Moïse Katumbi, mishahara ilijulikana na uwanja wao pale Kamalondo ulikuwa wao wenyewe. Kuna na jambo jingine ambalo mawakala hawalitaji kamwe: Lubumbashi ni mji wa Kiswahili. Kina Kifaransa chake ndani, na lafudhi itakuchekesha, lakini kijana wa Dar ataagiza chakula na kuelewana na wenzake bila mkalimani. Kwa mtu wa umri ule aliyeacha kwao, hilo si dogo.

Mafanikio hayakuja mara moja. Mwaka 2013 Mazembe walishindwa na CS Sfaxien ya Tunisia katika fainali ya Kombe la Shirikisho. Mwaka 2015 ndipo mambo yakafunguka. Katika fainali ya Ligi ya Mabingwa dhidi ya USM Alger, Mazembe walishinda 2-1 kule Algiers na 2-0 nyumbani, na Samatta akafunga penalti katika kila mkondo. Alimaliza miongoni mwa vinara wa mabao wa mashindano hayo, akiwa na 7. Januari 2016, huko Abuja, akatangazwa mchezaji bora wa Afrika kwa wanaocheza ndani ya bara, mbele ya kipa wa timu yake mwenyewe, Robert Kidiaba, na Baghdad Bounedjah wa Algeria.

Mwezi huo huo Genk wakamchukua. Wao ndio waliomfuata. Alifunga mabao 23 ya ligi Genk walipotwaa ubingwa wa Ubelgiji 2019. (Mwaka huo huo alitufunga Harambee Stars kule Cairo, ila tulishinda 3-2, alhamdulillahi, Olunga akipachika mawili.) Villa hakudumu: mechi 14 za ligi, bao moja. Kisha Fenerbahçe, na baadaye PAOK, mabingwa wa Ugiriki 2024.

Nayaandika haya kwa sababu hapa Pwani bado kuna wazazi wanaouza kipande cha shamba ili kijana apelekwe "majaribio" Ulaya au Ghuba na mtu aliyejitambulisha kwa simu tu. Mzazi, muulize huyo wakala klabu inaitwa nani, mkataba uko wapi, na kwa nini gharama ulipe wewe. Samatta alinunuliwa kwa sababu alionekana akicheza mechi ya ushindani. Kijana wa Bandari aliyefunga mabao kumi katika ligi yetu ana cha kuonyesha Dar, Lubumbashi au Khartoum kuliko aliyelala hotelini Istanbul akingoja kuitwa.

Wala sisemi njia hii ina hakikisho. Thomas Ulimwengu, Mtanzania mwenzake, alifika Mazembe mwaka ule ule wa 2011 na ubingwa wa 2015 aliupata pia. Alipokwenda Sweden mwaka 2017 mambo hayakumnyookea, akarudi Afrika, na baadaye akavaa tena jezi ya Mazembe. Aliendelea kulipwa kwa kucheza mpira.