Kaa wa Ziwa Tanganyika na Historia ya Majina Yao: Mtazamo kutoka Carama, Bujumbura

Mtaa wa Carama uko kaskazini mwa jiji la Bujumbura, upande ambao Ziwa Tanganyika linaanzia. Mvua inaponyesha kwenye milima ya Mumirwa, maji hushuka na udongo kupitia mitaa hii ya kaskazini hadi ziwani. Ziwani humo wanaishi kaa wa jenasi Platythelphusa, ambao hawapatikani penginepo duniani. Makala haya yanafuatilia historia ya kuwaainisha kaa hao. Hoja yake ni kwamba umbo la nje liliwapotosha wataalamu kwa muda mrefu, na kwamba kosa katika jina la kiumbe hatimaye huwa kosa katika sera.

Spishi ya kwanza, Platythelphusa armata, ilielezwa na Alphonse Milne-Edwards mwaka 1887. Gamba lake ni bapa, kingo za mbele zina miiba, na magando yake ni makubwa. Umbo hilo lilikumbusha kaa wa baharini kuliko kaa wa mito ya Afrika. Wakati huo tayari Edgar Smith alikuwa ameeleza konokono wa ziwa hili wenye magamba mazito kama ya pwani, na mwaka 1883 Richard Böhm alikuwa ameona humo kiwavi-maji wa jamii inayojulikana zaidi baharini. J. E. S. Moore, aliyefika ziwani mwaka 1896 na kurudi mwaka 1899, aliunganisha dalili hizo. Katika kitabu chake cha mwaka 1903 alitetea dhana kwamba Tanganyika ni mabaki ya bahari ya kale ya kipindi cha Jurasi.

W. A. Cunnington, aliyeeleza kaa mwingine mwaka 1899 kutokana na sampuli za Moore, alilifikia ziwa mwenyewe katika msafara wa 1904 hadi 1905. Kadiri ushahidi ulivyoongezeka, dhana ya bahari ilidhoofika. Anatomia na uzazi vilitoa jibu tofauti na lile la umbo la nje. Kaa wengi wa baharini huanza maisha kama viluwiluwi wanaoelea majini. Kaa wa maji baridi hawana hatua hiyo: jike hubeba mayai chini ya tumbo, nayo huanguliwa yakiwa kaa wadogo kamili. Kaa wa Tanganyika wamo katika kundi hili la pili. Wataalamu waliowatengea familia yao wenyewe walisahihishwa baadaye, na leo wamewekwa katika familia ya Potamonautidae pamoja na kaa wa mito ya Afrika.

Kwa nini basi wanafanana na kaa wa baharini? Utafiti uliochapishwa mwaka 1991 ulionyesha kwamba magando yenye nguvu ya P. armata na magamba mazito ya konokono wa ziwa yanaelezeka kama mashindano ya muda mrefu kati ya mla na mliwa. Uchambuzi wa vinasaba wa mwaka 2006 ulikadiria kwamba spishi hizi zilianza kutengana takriban miaka milioni 2.5 hadi 3.3 iliyopita, ilhali umri wa ziwa hukadiriwa kuwa miaka milioni 9 hadi 12. Hawa si mabaki ya bahari, bali ni wazaliwa wa ziwani.

Safari ya Wabelgiji ya mwaka 1946 hadi 1947 ilipanua picha hiyo. André Capart alieleza mwaka 1952 spishi kadhaa mpya, miongoni mwao P. tuberculata, kaa wa kina kirefu mwenye miguu mirefu myembamba. Spishi mbili ziliongezwa mwaka 2004, na idadi ikafika tisa. Hata hivyo, neno "kina" lina mpaka hapa. Ziwa lina kina cha mita 1,470, lakini upande wa kaskazini oksijeni huisha karibu na mita 100. Makazi ya kaa ni ukanda mwembamba wa pembeni, na ukanda huo ndio unaopokea mashapo kutoka nchi kavu.

Bahari ya Hindi inatoa mfano unaofanana. Kambakoche wa maji ya kina kutoka Kenya hadi Msumbiji aliitwa kwa muda mrefu Metanephrops andamanicus, jina la spishi ya mashariki ya bahari hiyo. Mwaka 1990 Enrique Macpherson alimtenga kama M. mozambicus. Takwimu za uvuvi zilizoandikwa kwa jina la awali zilikuwa zikihusu mnyama mwingine.

Nchi nne za ziwa zilitia saini mkataba wa usimamizi endelevu mwaka 2003, na Mamlaka ya Ziwa Tanganyika ina makao yake Bujumbura. Lakini sampuli nyingi zilizotumika kutoa majina ya kaa hawa ziko Ulaya. Mtafiti wa Burundi anayetaka kuthibitisha spishi iliyopatikana karibu na Carama hulazimika kutegemea michoro na picha. Tunapendekeza mkusanyiko wa marejeo uwekwe Bujumbura, pamoja na istilahi za Kiswahili za viungo vya kaa zitakazotumiwa na nchi zote nne. Hatuwezi kupima hasara inayoletwa na mashapo ikiwa hatuna hakika ni spishi ipi inayopungua.